Kicheko na Deni la Mtani: Maadili ya Kuigiza Lafudhi ya Mwingine katika Vitimbi na katika Filamu za Mario Monicelli

1. Utangulizi

Makala haya yanashughulikia swali ambalo wahakiki wa ramsa wamelizunguka zaidi ya kulijibu: je, ni haki kuwachekesha watu kwa kuigiza lafudhi ya mtu mwingine? Hatuulizi kama jambo hilo linachekesha. Kwamba linachekesha ni dhahiri kwa yeyote aliyewahi kuketi mbele ya televisheni nchini Kenya. Tunachouliza ni kama anayeigiza, anayeongoza mchezo na anayecheka wana wajibu wowote kwa yule ambaye ulimi wake umegeuzwa kuwa kichekesho. Na iwapo wanao, wajibu huo ni wa aina gani na hulipwa vipi.

Mifano yetu ni miwili. Wa kwanza ni mchezo wa televisheni wa Vitimbi, hasa mhusika wake mashuhuri Mzee Ojwang', aliyeigizwa na marehemu Benson Wanjau. Wa pili ni filamu za Mwitaliano Mario Monicelli (1915–2010), mmoja wa waasisi wa ramsa ya Kiitaliano iliyostawi baada ya Vita Vikuu vya Pili. Huenda msomaji akashangaa kuona mifano iliyotengana hivi ikiwekwa katika mizani moja. Kinachoiunganisha ni tukio lilelile la kisanaa. Wanjau alikuwa Mkikuyu, na Wakenya wengi waliishi na kufa wakiamini kuwa ni Mjaluo. Mwigizaji Tiberio Murgia alikuwa mtu wa Sardinia, na Monicelli akamfanya mtu wa Sisilia mbele ya taifa zima. Pande zote mbili, mtu wa jamii moja alivishwa ulimi wa jamii nyingine ili watu wacheke, na watu walicheka.

Ni vyema kusema mapema tunapotazamia. Mwandishi wa makala haya alilelewa Kithyoko, soko lililo kando ya barabara kuu ya Thika–Garissa, katika nchi ya Ukambani. Utotoni mwetu umeme haukuwa jambo la kila nyumba, na televisheni tuliitazama dukani, ikiendeshwa kwa betri ya gari. Jioni za Vitimbi duka lilijaa mpaka nje. Wazee, wachuuzi, makondakta na sisi watoto tuliokaa sakafuni tulimcheka Mzee Ojwang' kwa sauti moja, ingawa wengi wetu hatukuwa tumewahi kuzungumza na Mjaluo hata mmoja.

Baadaye tulipelekwa shule ya bweni, na huko tukagundua kwamba sisi pia tulikuwa kichekesho. Kikamba hakina sauti ya g isiyotanguliwa na nazali, wala hakina r. Kwa hiyo mtoto wa Ukambani anapotaka kusema gari, ulimi humtoa ngali. Neno hilo moja lilitosha kuliangusha bweni zima kwa kicheko. Tulitafuta njia ya kujiokoa, na njia tuliyoipata ilikuwa ya haraka: tulikuwa tumeijua lafudhi ya Mzee Ojwang' kwa ghibu, tukaielekeza kwa mvulana mmoja aliyetoka Nyanza. Kicheko kikatuhama, kikamwendea yeye. Tangu siku hiyo mvulana yule hakuinua tena mkono darasani. Simulizi hii si pambo la utangulizi. Ndiyo hoja ambayo nadharia yoyote ya ramsa tutakayoitaja itapaswa kuijibu.

2. Kicheko cha dharau na kicheko cha utani

Mapokeo ya falsafa ya Magharibi yameiona ramsa kuwa sanaa ya umbali. Aristotle alisema kwamba ramsa huiga watu walio duni kuliko wastani, na kwamba kinachochekesha ni kasoro isiyoleta uchungu wala maangamizi. Thomas Hobbes, katika karne ya 17, alikieleza kicheko kuwa fahari ya ghafla inayotupata tunapojiona bora kuliko mwenzetu, au bora kuliko tulivyokuwa jana. Henri Bergson, katika kitabu chake kuhusu kicheko cha mwaka wa 1900, aliongeza kwamba ili mtu acheke ni lazima moyo wake ufe ganzi kwa muda. Kwa wote watatu, anayecheka yuko juu, au yuko mbali, au amejiondolea huruma.

Maelezo haya yanafafanua vizuri kilichotokea bwenini. Hayatuambii, hata hivyo, kama kilichotokea kilikuwa kibaya, wala kwa nini. Aristotle anasema kasoro ya kuchekesha haina uchungu, lakini hasemi haina uchungu kwa nani. Anatazama akiwa kwenye viti vya hadhira. Mvulana wa Nyanza hayumo katika nadharia yake. Mikhail Bakhtin, katika utafiti wake juu ya Rabelais, alijaribu kuurekebisha mtazamo huu kwa kuonyesha kwamba kicheko cha umma katika sherehe za kale kilimjumuisha hata mwenye kucheka. Hakuna aliyesimama nje yake. Huo ni msaada mkubwa. Tatizo ni kwamba sherehe hudumu siku chache kisha huisha, ilhali lafudhi mtu hulala nayo na kuamka nayo.

Tunadai kwamba jamii za Afrika Mashariki zilikwisha kulifikiria suala hili kwa kina zaidi katika taasisi ya utani. A. R. Radcliffe-Brown, katika makala yake ya mwaka wa 1940, aliueleza utani kuwa uhusiano ambamo mtu ameruhusiwa, na pengine hutakiwa, kumfanyia mwenzake mzaha, naye mwenzake hutakiwa asikasirike. Fasili hiyo ni sahihi lakini ni kavu. Tukiutazama utani wa makabila kama ulivyokuwa Tanzania, baina ya Wanyamwezi na Wazaramo kwa mfano, au baina ya Wahehe na Wangoni ambao babu zao walipigana vikali katika karne ya 19, tunaona sifa tatu ambazo mwanafalsafa wa kicheko hana budi kuzizingatia.

Kwanza, utani ni wa pande mbili. Anayetaniwa leo ana haki ya kutania kesho, na wala hahitaji kuiomba. Pili, utani ni mapatano yanayojulikana. Mtu hawi mtani kwa kujitangaza. Ni lazima upande wa pili nao ukubali kuwa wao ni watani. Tatu, na hili ndilo kubwa, utani huambatana na wajibu, na wajibu huo huonekana hasa penye msiba. Mtani aliyekuwa akikucheka sokoni ndiye anayefika kwako matangani, ndiye anayeshika jembe kaburini, na hata mzaha anaoufanya pale una kazi ya kuwaondolea wafiwa uzito. Kwa ufupi, ruhusa ya kucheka hununuliwa kwa ahadi ya kuzika.

Hapa ndipo penye kiini cha hoja yetu. Utani haumtaki anayecheka aue moyo wake, kama alivyodhani Bergson. Unamtaka aucheleweshe tu, akijua kwamba siku ya kuudai itafika. Kicheko cha utani ni mkopo. Kicheko cha dharau ni wizi, kwa kuwa huchukua bila kukusudia kurudisha.

Sasa tunaweza kulieleza vyema tatizo la televisheni nchini Kenya. Baina ya Wakikuyu na Wajaluo, au baina ya Wakamba na Wajaluo, hapakuwa na mapatano ya utani yanayofanana na yale ya Wahehe na Wangoni. Palikuwa na ujirani, biashara, ndoa za hapa na pale, na siasa. Redio na televisheni zilipoanza kutuchekesha kwa lafudhi za makabila, zilitupa ulimi wa mtani bila kutupa miguu ya kwenda kwake matangani.

3. Monicelli: kicheko kisichokikimbia kifo

Italia ya Monicelli ilikuwa na tatizo linalofanana na letu. Ilikuwa imeungana kuwa dola moja katika karne ya 19, lakini katikati ya karne ya 20 raia wake wengi bado walizungumza lahaja za kwao nyumbani, na lugha sanifu ilikuwa ya shule, ya redio na ya ofisi. Katika miaka ya 1950 na 1960 maelfu kwa maelfu ya watu wa kusini walihamia miji ya viwanda ya kaskazini kama Milano na Torino, na huko lafudhi yao iliweza kuwanyima hata chumba cha kupanga. Ramsa ilikuwa na malighafi tele, na malighafi yenyewe ilikuwa ya hatari.

Monicelli alikuwa mwana wa mwandishi wa habari aliyejiua mwaka wa 1946. Aliingia katika sinema akiwa kijana, akafanya kazi kwa muda mrefu kama mwandishi wa michezo na msaidizi kabla ya kuongoza filamu akishirikiana na Steno. Katika Guardie e ladri ("Polisi na Wezi") ya mwaka wa 1951, waliyoiongoza pamoja, polisi mnene anamfukuza mwizi mdogo ambaye lazima amkamate, la sivyo apoteze kazi. Katika kumsaka, anazoeana na jamaa za mwizi, na familia mbili maskini zinakuwa rafiki bila kujua siri iliyo baina ya waume. Mwishoni mwizi anakubali kwenda gerezani ili polisi asiangamie. Huo ni utani ulioanza kwa kukimbizana na kumalizika kwa wajibu.

Filamu iliyompa umaarufu ni I soliti ignoti ("Wale Wale Wasiojulikana") ya mwaka wa 1958, inayosimulia habari za wezi wasioujua wizi. Humo lafudhi zimejaa kama bidhaa sokoni, na karibu zote ni za kuazima. Carlo Pisacane, mtu wa Napoli, ndiye mzee mlafi anayesikika akizungumza kama mtu wa Bologna, kwa kuwa sauti yake imetiwa na mwingine. Murgia, ambaye hakuwa mwigizaji bali mfanyakazi wa mkahawa huko Roma, anakuwa Ferribotte, mtu wa Sisilia mwenye wivu anayemfungia dada yake ndani ya nyumba. Sauti yake nayo si yake. Dada huyo anaigizwa na Claudia Cardinale, aliyezaliwa na kulelewa Tunis, na hata yeye alitiliwa sauti ya mwingine.

Tusimtakase Monicelli. Ferribotte ni mhusika bapa, na wivu wa mtu wa Sisilia ni kigezo kilichochakaa ambacho watu wa kaskazini walikuwa wakikitumia kuwadharau watu wa kusini. Murgia mwenyewe alifungiwa ndani ya kinyago hicho: kwa sehemu kubwa ya maisha yake ya sinema aliendelea kuitwa kuigiza watu wa Sisilia. Hata hivyo filamu ina jambo ambalo ramsa za Italia za wakati ule hazikulizoea. Mmoja wa wezi, Cosimo, anakufa. Anagongwa na tramu baada ya kujaribu kupora mkoba, na kifo chake hakibatilishwi na kichekesho chochote kinachofuata. Mtazamaji aliyekuwa akicheka analazimika kukumbuka kwamba anayemcheka ana shingo inayovunjika.

Mwaka uliofuata, 1959, Monicelli alilisogeza jambo hilo hadi mwisho wake katika La grande guerra ("Vita Vikuu"), filamu iliyogawana Simba wa Dhahabu wa tamasha la Venice na filamu ya Roberto Rossellini. Kabla hata haijapigwa picha, magazeti yalilalamika kwamba wachekeshaji watalitukana jeshi. Wahusika wakuu ni askari wawili wakwepaji wa Vita Vikuu vya Kwanza: mmoja wa Roma, aliyeigizwa na Alberto Sordi, na mwingine wa Milano, aliyeigizwa na Vittorio Gassman. Kila mmoja ana lafudhi ya kwao, na kwa muda mrefu lafudhi hizo ndizo zinazotuchekesha. Hatimaye wanakamatwa na Waustria na kuambiwa watauawa wasipofichua mpango wa jeshi lao. Yule wa Milano anakaribia kusema; ila afisa mmoja anatoa neno la dharau kuhusu Waitaliano, naye anakataa, anapigwa risasi. Yule wa Roma, akitetemeka, anasisitiza kwamba hajui lolote, naye anapigwa risasi vilevile. Kamanda wao anapopita baadaye anadhani wamekwepa tena kama kawaida yao.

Tunaloliona katika mwisho huu ni hili. Lafudhi tuliyoicheka kwa saa mbili ndiyo inayozungumza mbele ya bunduki. Haijageuka kuwa lugha sanifu ili ipate heshima. Mtu anakufa kwa ulimi uleule aliochekwa nao, na aliyekuwa akicheka anajikuta amesimama kaburini bila kutarajia. Monicelli amewakopesha watazamaji kicheko, kisha amewadai papo hapo. Ndiyo maana tunasema kwamba, bila kulijua neno hilo, aliielewa sheria ya utani. Katika Un borghese piccolo piccolo ya mwaka wa 1977 aliwadai kwa ukali zaidi: Sordi yuleyule aliyezoeleka kuchekesha anakuwa karani mnyonge anayempoteza mwanawe, kisha anamtesa muuaji wake. Wahakiki wengi wameiona filamu hiyo kuwa mwisho wa ramsa ya Kiitaliano. Kwa mtazamo wetu, ilikuwa siku deni lote lilipoitwa.

4. Mzee Ojwang': kinyago na mvaaji wake

Vitimbi ulikuwa mchezo wa Sauti ya Kenya, shirika lililobadilishwa jina mwaka wa 1989 kuwa Shirika la Utangazaji la Kenya. Mpaka kituo cha pili kilipoanzishwa mwaka wa 1990, nchi nzima ilikuwa na televisheni moja tu. Jambo hili lina uzito wa kimaadili. Mtu wa Kithyoko, wa Kisumu na wa Nyeri walikuwa wakicheka kichekesho kimoja kwa dakika ile ile, lakini hawakuwa wakionana nyuso. Hadhira ilikuwa moja, na hapo hapo ilikuwa imetengana. Hapakuwa na mahali ambapo anayechekwa angeweza kumjibu anayemcheka.

Ni lazima tutoe haki kwa usanii wa Wanjau. Mzee Ojwang' hakuwa mgeni aliyeingia katika mchezo ili achekwe na kutolewa. Alikuwa mwenye nyumba. Alikuwa na mke, Mama Kayai, aliyeigizwa na Mary Khavere, ambaye mara nyingi alimshinda kwa maneno na kwa busara. Makosa yake yalikuwa ya kiburi, ya ujanja unaomrudia mwenyewe, ya pesa zisizotosha. Hayo si makosa ya kabila. Dukani kwetu Kithyoko, wanaume walipomcheka Ojwang' walikuwa wakitupiana macho, kwa maana kila mmoja alimjua jirani anayefanana naye. Kwa kiasi hicho kicheko chetu kilikuwa kama kile alichokisifu Bakhtin, kinachomjumuisha mwenye kucheka.

Lakini mhakiki hana budi kulifanya jaribio ambalo tunapendekeza liitwe jaribio la kuvua lafudhi. Tuchukue onyesho, tulibakishe kama lilivyo, ila wahusika wote wazungumze Kiswahili sanifu. Je, kichekesho kinabaki? Palipo na mgogoro wa kweli, kama ule wa mume na mke kuhusu fedha za nyumba, kinabaki. Palipokuwa na mtu anayetamka silingi badala ya shilingi, na basi, kinayeyuka. Ni dhahiri kwamba Vitimbi ulikuwa na maonyesho ya aina zote mbili. Sisi watoto hatukutofautisha. Na tulipofika shuleni tulibeba aina ya pili, kwa sababu ndiyo iliyo rahisi kubebeka. Mgogoro wa ndoa haubebeki mfukoni. Lafudhi hubebeka.

Kuhusu kwamba Wanjau alikuwa Mkikuyu, kuna njia mbili za kulitafsiri jambo hilo, na zote zina ukweli. Kwa upande mmoja, kinyago chake kilikuwa ushahidi kwamba kabila si damu. Ikiwa Mkikuyu anaweza kuwa Ojwang' kwa miaka mingi, na taifa likamwamini, basi kile tunachokiita Ujaluo kwenye televisheni ni mavazi, sauti na mazoea, navyo huvalika na huvulika. Sawa na watu wa Sisilia wa Monicelli, waliotengenezwa na mtu wa Sardinia na sauti ya kuazima, Mjaluo wa Vitimbi hakupatikana kokote isipokuwa katika Vitimbi. Hoja hii ingetosha kuwaaibisha wote wanaodhani kwamba wanamjua mtu kwa kumsikia akisema maneno mawili.

Kwa upande mwingine, mvaaji aliweza kukivua kinyago chake jioni, na mvulana wa bweni letu hakuweza. Huo ndio ukosefu wa usawa ambao nadharia ya kinyago peke yake haiutatui.

5. Shibolethi

Katika Kitabu cha Waamuzi, sura ya 12, imesimuliwa jinsi Wagileadi walivyoviteka vivuko vya Yordani baada ya vita. Kila aliyetaka kuvuka aliambiwa atamke neno shibolethi. Waefraimu hawakuweza kutamka sh. Walisema sibolethi, wakakamatwa, wakauawa. Kitabu kinataja elfu arobaini na mbili. Tunapoisoma habari hiyo kwa Kiswahili, hapa Kenya, hatuwezi kukwepa jambo moja: sauti iliyowaua Waefraimu ndiyo sauti iliyotuchekesha dukani. Kijaluo hakina sh. Anayesema silingi na anayesema sibolethi wana ulimi mmoja.

Hatusemi kwamba Vitimbi ulisababisha mauaji. La hasha. Madai ya namna hiyo ni mepesi, na yanawapunguzia lawama wanasiasa waliopanga na wenye nguvu walioacha. Tunasema jambo la kiasi zaidi. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, katika machafuko ambamo, kwa hesabu ya Tume ya Waki, watu 1,133 walipoteza maisha, kulikuwa na vizuizi vya barabarani ambapo watu walitakiwa kuonyesha vitambulisho au walisemeshwa kwa lugha ya mama ili wajulikane ni akina nani. Siku hizo sikio lililozoezwa kutambua kabila kwa kicheko lilitakiwa kulitambua kwa shari, na lilikuwa tayari limefuzu. Lafudhi ilikuwa imekwisha kuwa alama. Kilichobadilika ni matumizi yake.

Hapo ndipo ulipaswa kuonekana mguu wa mtani. Katika utani wa kweli, aliyezoea kukucheka ndiye angesimama kizuizini aseme: huyu ni wangu, mwacheni. Wapo Wakenya waliofanya hivyo kwa jirani zao, nao walifanya kwa sababu ya ujirani. Televisheni haikuwa imewafundisha. Ramsa yetu, kwa miaka yote ile, haikuwahi kutupeleka matangani kwa mtu tuliyemcheka. Haikuwa na Cosimo wake. Hakuna jioni tuliyotoka dukani Kithyoko tukiwa tumenyamaza.

6. Pingamizi tatu

Pingamizi la kwanza litasema kwamba hatia huondoka mtu anapoigiza lafudhi ya watu wake mwenyewe. Daniel Ndambuki, anayejulikana kama Churchill, aliwachekesha wasikilizaji wa redio akiwa Mwalimu King'ang'i, kwa lafudhi nzito ya Kikamba, naye ni Mkamba. Tunakubali kwamba jambo hili ni tofauti. Mwenye ulimi ndiye anayejikopesha, na ndiye anayejua mipaka. Hata hivyo msikilizaji asiye Mkamba anayeichukua lafudhi hiyo na kuipeleka kazini kwake kumtania bawabu hajaingia katika mapatano yoyote. Ruhusa aliyojipa Ndambuki haiwezi kuhamishwa.

Pingamizi la pili ni kwamba kuna kicheko kinachoelekezwa juu, kwa wenye mamlaka. Mwishoni mwa utawala wa Rais Moi, vijana watatu wa kundi la Redykyulass walimwigiza Rais mwenyewe, pamoja na sauti na mwendo wake. Je, nao walikuwa na deni? Jibu letu ni kwamba sharti la wajibu linatokana na ukosefu wa usawa. Aliye juu ana njia tele za kujibu. Wanaothubutu kumcheka ndio walioko hatarini. Lakini hata hapo inafaa kupambanua. Kumcheka mtawala kwa maamuzi yake ni tashtiti. Kumcheka kwa lafudhi ya kabila lake ni kumpiga kwa fimbo itakayowaangukia watu wa kabila lake wasiokuwa na mamlaka yoyote.

Pingamizi la tatu ni zito kuliko yote: kwamba tukidai kila kichekesho kilipe, ramsa itakufa. Monicelli ndiye jibu. Filamu zake hazikupungukiwa na kicheko kwa kukiruhusu kifo. Zilipata uzito, na zimeendelea kutazamwa. Kinachouawa na sharti la deni ni kichekesho cha lafudhi tupu, kile kisichopita jaribio la kuivua, na sanaa haitapata hasara kubwa ikikikosa.

7. Hitimisho

Benson Wanjau alifariki tarehe 12 Julai 2015. Katika miaka yake ya mwisho macho yalimsumbua, na wananchi walichanga ili atibiwe. Kazi yake haikuwa imempa utajiri. Magazeti na watu mitaani waliomboleza kifo cha Mzee Ojwang', wengi wao wakilisikia jina la Wanjau kwa mara ya kwanza. Katika kuomboleza kule palikuwa na jambo la kutia moyo. Mkikuyu alililiwa na taifa kwa jina la Kijaluo. Michango na machozi ndiyo malipo ya mtani, na kwa mara moja tulilipa. Lakini tulimlipa aliyekivaa kinyago. Wale ambao sura yao iliazimwa kukichonga hawakuwa kwenye orodha ya wafiwa.

Tumejaribu kuonyesha kwamba haki ya kuigiza lafudhi ya mwingine haitokani na nia njema ya msanii, wala na ustadi wake, wala na ukweli wa anachokiigiza. Inatokana na wajibu. Mhakiki anayekabiliana na ramsa ya aina hii anaweza kuanza kwa kuuliza mambo matatu: je, kichekesho kinasimama lafudhi ikivuliwa? Je, anayechekwa ana nafasi ya kujibu? Na je, kazi yenyewe inamfikisha mtazamaji, walau mara moja, matangani kwa mtu aliyemcheka? Vitimbi utapata alama nzuri katika swali la kwanza kwa baadhi ya maonyesho yake, na alama hafifu katika mawili yanayofuata. Monicelli atapata hafifu katika la kwanza kwa sababu ya Ferribotte, na ya juu sana katika la tatu.

Maswali haya yanatuhusu pia sisi tunaofundisha. Sisi ndio walinzi wa Kiswahili sanifu, na katika vyumba vyetu vya semina kicheko husikika mwanafunzi wa uzamili anapotamka ngali au silingi mbele ya jopo. Mara nyingi hatukikemei, na pengine ni sisi tunaokianzisha. Tukumbuke kwamba anayenyamaza baada ya kicheko hicho huenda asiinue mkono tena, na tasnifu tuliyoikosa hatutaijua.

Mwandishi wa makala haya hakumwona tena mvulana wa Nyanza baada ya shule. Deni lake halijalipwa, na makala ya jarida si malipo. Linaandikwa hapa ili lihesabiwe.